Simu Mbili za Duka Moja

Saluni ilikuwa na viti viwili, kioo kimoja kirefu, na feni iliyozunguka pale ilipojisikia.

Kiti cha karibu na dirisha kilikuwa cha Chapuchapu. Ndivyo wateja walivyomwita, kwa sababu mkono wake ulikuwa mwepesi. Mteja aliyekaa kwake alikuwa hajamaliza kusimulia habari za majirani, tayari kichwa kimekwisha. Kiti cha karibu na mlango kilikuwa cha wifi yake, dada wa mumewe. Wifi alikuwa mpole na mwenye heshima, lakini mkono wake ulikuwa mzito kidogo. Alisuka taratibu, akifumua na kurudia.

Saluni ile ilijaa watoto. Mama akija kusuka, humwachia nani mtoto? Anakuja naye. Na kusuka ni kazi ndefu. Mtoto akichoka atavuta waya wa feni, atachovya vidole kwenye mafuta, ataanza kulia. Hapo ndipo Chapuchapu alipokuwa na dawa yake. Alitoa simu mfukoni mwa aproni na kusema, "Njoo kwa shangazi, uchague mchezo."

Michezo ilikuwepo, na si kidogo. Wa basi, wa paka anayesema, wa kukata matunda, wa mpira, wa kupika keki. Mtoto akisema hautaki huu, Chapuchapu aliingia kwenye duka la programu, akampakulia mwingine papo hapo, huku mkono wa pili umeshika kitana. Hakumnyima mtoto mchezo hata siku moja. Akina mama walimpenda kwa hilo. Wifi naye alikuwa na dawa yake, sahani ya shanga za nywele. Aliwaambia watoto wazitenganishe rangi. Watoto walitenganisha kidogo, kisha wakahamia kwa shangazi mwenye simu.

Na tusimsingizie mtoto peke yake. Chapuchapu mwenyewe alikuwa na mchezo wake, wa kupanga mipira ya rangi. Wateja wakiadimika, alikunja miguu kwenye kiti na kupanga mipira. Alikuwa amefika mbali, na alijivunia.

Basi siku moja alikuja mwalimu wa kwaya. Huyu alikuwa mteja wa Chapuchapu wa siku nyingi. Safari hii Chapuchapu alimbunia mtindo mpya. Mistari ilianzia sikioni, ikazunguka kisogo, ikapanda na kukutana utosini. Mwalimu alijiangalia kwenye kioo, akageuza shingo huku na huku, akacheka kwa furaha. Chapuchapu akatoa simu ampige picha.

Simu ikaandika kwamba nafasi ya kuhifadhi imejaa.

Akajaribu tena. Ikaandika vilevile. Akaizima, akaiwasha, akaipangusa kwenye aproni kana kwamba tatizo ni vumbi. Bado. Mwalimu akaanza kutazama saa.

"Niache nipige mimi, wifi," wifi akasema. Akatoa simu yake na kupiga mbele, ubavuni na nyuma. Akamtumia mwalimu, kisha akaziweka kwenye stetasi yake, marafiki wazione. Ilichukua muda mfupi tu, na kila mtu alifurahi isipokuwa mmoja.

Wiki iliyofuata walikuja wanawake wawili wakiwa na ile picha kwenye simu zao. Walisimama mlangoni wakamwulizia yule dada wa picha. Wifi aliwaambia wazi kwamba picha ni yake lakini kazi si yake, aliyesuka ni yule wa dirishani. Lakini mmoja wao alikuwa ameshakaa kwenye kiti cha wifi, akasema hapa hapa panamtosha.

Chapuchapu aliona wivu. Tusizunguke, ulikuwa wivu hasa, ule unaokaa kooni kama donge la ugali usiotaka kushuka. Kichwa alisuka yeye. Mtindo aliubuni yeye. Vidole vilivyouma usiku ule vilikuwa vyake. Na sifa zimekwenda kwa aliyebonyeza kitufe. Mchana kutwa alimtazama wifi yake kupitia kwenye kioo, na kila mara wifi alipotabasamu na mteja, yeye aliona anachekwa.

Kilichomuuma zaidi ni zile simu. Zilikuwa mbili za aina moja, rangi moja, kutoka duka moja. Mumewe, fundi wa kuchomelea mageti na madirisha, alipata kazi kubwa mwaka uliopita, akanunua mbili ili mke na dada wasigombane. Aliweka maboksi mawili mezani, moja juu ya jingine, akamwambia mkewe achague kwanza. Chapuchapu akachukua la juu. Sasa alianza kulikumbuka lile boksi la chini. Mume anamjua mkewe. Bila shaka alijua atachukua la juu. Basi simu nzuri aliificha chini kwa ajili ya dada yake. Ndivyo wivu unavyofanya hesabu zake.

Alijaribu kuiponya simu mwenyewe. Kwanza alifuta picha za mitindo yake, moja baada ya nyingine, kazi ya miaka, na nyingine aliziaga kwa jina la mteja. Alipomaliza, simu ikaandika imejaa. Mteja mmoja akamwambia apunguze michezo. Akakubali. Alishika picha ya kila mchezo kwa kidole, akaiburuta mpaka juu palipoandikwa "Ondoa", akaiachia. Basi likatoweka, paka akatoweka, keki ikatoweka. Uso wa simu ukawa mweupe kama sahani iliyooshwa. Akapiga picha. Imejaa.

Wifi aliona yote hayo. Alisogea akaanza kusema kwamba mchezo ukiutoa usoni tu, huwa haujatoka. Chapuchapu hakumwacha amalize.

"Wifi, simu hii nimenunuliwa na mume wangu," alisema. "Nitaijua mwenyewe."

Wifi akarudi kitini kwake. Tangu siku ile hakutia neno tena kuhusu simu.

Jioni mume alirudi, macho mekundu kwa cheche za kuchomelea, njaa imemshika. Chapuchapu alimwekea chakula kwa kishindo. Mume akauliza kuna nini. Akaambiwa hakuna. Mwanamume yeyote mwenye akili anajua kwamba hapo kuna kitu, na kwamba kitakuja.

Kikaja. "Dada yako ulimpa simu yenye tumbo kubwa. Mimi ukanipa yenye tumbo la kuku."

Mume akamkumbusha kwamba alichagua mwenyewe. Akajibiwa kwamba alichagua boksi, hakuona ndani. Mume akacheka, na hapo ndipo alipoharibu kabisa. Siku zilizofuata alijibiwa "ndiyo" na "hapana" tu. Chai ilikuja haina sukari. Shati lake la kazini lilifuliwa likaanikwa ndani nje. Mwishowe akawaita wote wawili, mke na dada.

"Badilishaneni hizo simu," akasema, "nami nile kwa amani."

Wifi alikubali bila ubishi. Hata hilo Chapuchapu halikumpendeza. Mtu haachi kitu kizuri kirahisi hivyo, labda ana kingine amekificha. Kila mmoja akahamisha laini yake na namba zake. Wifi alihamisha na picha zake kwenye kadi ya kumbukumbu, kisha akauliza kama kuna kitu Chapuchapu anakitaka kutoka kwenye simu ya zamani.

"Fanya utakavyo," Chapuchapu akasema. "Ni yako sasa."

Siku za mwanzo zilikuwa za raha. Simu ilikuwa nyepesi. Chapuchapu alipiga picha kila kichwa, hata cha mteja aliyekuja kupaka mafuta tu. Alipiga picha feni. Akamwambia mumewe, bila kuulizwa, kwamba si alisema. Mume akala kwa amani kama alivyotaka.

Kisha wakaja watoto. "Shangazi, basi liko wapi?" Shangazi akalipakua basi. "Na paka?" Akampakua paka. Simu hii ina tumbo, alijiambia, itabeba. Mipira yake ya rangi akaianza upya, na akaifikisha mbali kuliko mwanzo.

Pembeni, jicho lake halikutoka kwa wifi. Alisubiri ile simu mbovu imgomee. Wifi akasuka, akaitoa, akapiga picha, akairudisha mfukoni. Siku nyingine tena hivyo hivyo. Simu haikugoma. Chapuchapu aliona jambo lile kwenye kioo, akajifanya hakuliona.

Mwalimu wa kwaya akarudi. Alikuwa na habari kubwa. Kwaya yao inakwenda mashindanoni, na wanawake wote kumi na wawili wanataka kichwa kimoja, kisukwe kwa namna moja. Shida ni kwamba kila mwimbaji ana msusi wake na kila mmoja anamsifia wake. Wamekubaliana watumiane picha leo, na picha itakayopendwa ndiyo itakayoamua saluni.

"Nisuke ule mtindo wako, na sasa uniongezee kitu," akamwambia Chapuchapu. "Kisha unitumie picha kutoka hapa. Simu yangu mimi kamera ina ukungu."

Chapuchapu alisuka siku ile kama hajawahi kusuka. Aliupitisha mstari mmoja chini ya mwingine pale kisogoni, ukatokea upande wa pili kama uzi kwenye pindo la nguo. Alijua moyoni kwamba picha hiyo ikifika, wasusi wengine wote watakaa pembeni. Safari hii hakuna atakayemwulizia dada wa picha. Picha na kazi vitakuwa vya mtu mmoja. Akatoa simu.

Nafasi ya kuhifadhi imejaa.

Alimtazama wifi. Safari ile ya kwanza wifi alikuja mwenyewe. Leo hakuja. Alikuwa ameinama anafumua nywele za mteja, na simu yake imelala mfukoni. Mtu aliyekwisha kuambiwa "nitaijua mwenyewe" hawezi kujipeleka mara ya pili.

Mwalimu alikuwa na kipindi, hakuweza kungoja. Alifunga kitambaa kulinda nywele, akasema atapita jioni akirudi, na kwamba wenzake wanangoja picha kabla ya kulala. Akatoka.

Chapuchapu akakaa kwenye kiti cha wateja. Alifikiria kusema simu hii nayo ni mbovu. Lakini hii ndiyo ile nzuri, aliyoililia mpaka akaipata. Na ile mbovu iko mfukoni mwa mwenzake, inafanya kazi. Simu mbili zimejaa, na zote mbili zilijaa zikiwa mikononi mwake. Wivu haukuondoka. Ulimng'ang'ania, ukamwambia afadhali kwaya iende kwingine kuliko kumwomba huyu. Akausikiliza kwa muda. Kisha akaona wanawake kumi na wawili wanakaa kwenye kiti cha msusi mwingine, na wanasukwa mtindo alioubuni yeye, tena unasukwa vibaya.

Alimsubiri mteja wa wifi atoke.

"Wifi."

"Abee."

"Simu yako imejaa."

"Yako," wifi akasema.

Wakatazamana. Kicheko kilikuja, wote wawili wakakibana. Wifi akavuta kigoda, akakaa karibu, lakini hakuichukua simu. Alisema asibonyeze yeye, abonyeze mwenyewe, maana mkono unakumbuka uliyofanya, haukumbuki uliyotazama.

"Kwanza tusibahatishe," wifi akasema. "Tuiulize simu yenyewe imekula nini. Fungua Mipangilio. Shuka mpaka uone Hifadhi."

Chapuchapu akashuka. Ukatokea mstari wenye rangi, na chini yake orodha ya vitu vilivyochukua nafasi. Picha zilikuwa kidogo. Video kidogo. Michezo ilikuwa zaidi ya nusu ya simu.

Akabisha. Alisema michezo mingi haijafunguliwa tangu watoto waichoke. Lile basi hakuna aliyeliendesha siku nyingi.

"Usipoufungua bado umo," wifi akasema. "Na mchezo haukai kama ulivyoingia. Ukiucheza unajiongezea vitu, barabara mpya, nguo mpya za paka, matangazo. Unapakua kitu kidogo, baadaye kimenenepa. Na wewe una mingapi?"

Chapuchapu akaanza kuhesabu, akaacha.

"Ile simu ya kwanza," akasema polepole, "michezo niliiondoa. Niliona kwa macho yangu imeondoka."

"Uliitoa usoni. Ni kama tung'oe kibao cha saluni hapo nje. Mpita njia hatatuona, lakini sisi tumo humu humu, na viti vyetu, na feni yetu mbovu."

Hilo likamwingia. Akafikiria lile basi lililokuwa limejificha ndani ya simu na abiria wake wote, yeye akiwa anafuta picha za kazi yake ili lenyewe lipate nafasi.

Wifi akamwelekeza. Abonyeze picha ya mchezo na asiachie kidole. Yatatokea maneno. Neno "Ondoa" hutoa picha usoni tu. Atafute "Sanidua". Simu nyingine huandika "Ondoa programu" au "Futa programu", kwa hiyo asome kabla ya kugusa. Simu itamwuliza kama ana hakika, hapo ndipo anakubali. Na mchezo asiouona usoni ataukuta kule kwenye Mipangilio, palipoandikwa Programu. Ila kitu asichokijua, akiache. Simu ina vitu vyake vya kuiendesha, hivyo si vya kugusa.

Chapuchapu akabonyeza basi. Akasoma. Akasanidua. Akarudi kwenye Hifadhi kuangalia, na kweli mstari ulikuwa umepungua. Akamshughulikia paka. Akashughulikia matunda, mpira, keki. Alianza kuona utamu wake, kama kufumua nywele zilizokaa muda mrefu kichwani. Kidole kikaenda chapuchapu, mpaka kikafika kwenye mipira ya rangi. Hapo kikasimama.

"Nimefika mbali sana humu," akasema.

Wifi hakumcheka. Alimweleza kwamba michezo mingine huweka kumbukumbu kwenye akaunti ya mwenye simu, akiipakua tena siku nyingine anaendelea alipoishia. Mingine haiweki, unaanza moja. Huu hakuujua ni wa namna gani. Mwenyewe apime, huu una uzito gani, na picha za kazi zina uzito gani.

Chapuchapu akautazama mchezo wake. Ulikuwa mkubwa kuliko yote. Akabonyeza, akakubali, na akaumia kidogo. Aliacha mmoja tu wa watoto, wa kuchora na kupaka rangi, kwa sababu ulikuwa mdogo.

"Laiti ningejua," akasema. "Picha zangu zote zile nisingezifuta."

Wifi akatoa simu yake, akaifungua, akampa. Zilikuwemo. Mitindo ya miaka, kichwa baada ya kichwa, hata ile ya bibi harusi aliyelia kwa furaha akaharibu wanja.

Wifi akaeleza kwamba picha ikifutwa haiondoki siku hiyohiyo. Simu nyingi huiweka kwanza kwenye takataka, ikakaa huko kama mwezi hivi, ndipo ikafutika kabisa. Ikiwa huko bado inakula nafasi, ndiyo maana kufuta picha hakukumsaidia. Lakini ikiwa huko inaweza kurudishwa. Alipoipokea simu alifungua takataka, akazikuta, akazirudisha zote. Kisha akasanidua michezo, na simu ikapumua.

"Na hukuniambia?"

"Uliniambia nifanye nitakavyo."

Uso ulimwaka Chapuchapu kwa aibu, akainuka na kujifanya anafagia nywele ambazo alikuwa ameshazifagia.

Jioni mwalimu alipita. Akavua kitambaa. Chapuchapu akapiga mbele, ubavuni, na kisogo, pale mstari ulipopita chini ya mwenzake. Simu ikapokea. Akatuma.

Majibu yalikuja asubuhi wakati anafungua mlango. Kwaya imechagua. Watakuja wote wiki ijayo, nusu yao siku ya kwanza, nusu nyingine siku ya pili, na siku ya tatu ni mashindano. Chapuchapu alisoma mara mbili. Hakuruka, hakupiga kelele. Alikaa, akahesabu vichwa na vidole vyake, akaona vidole havitoshi.

Wifi alipofika, alimwambia. Akasema watasuka wote wawili, yeye dirishani, mwenzake mlangoni. Alitegemea wifi afurahi. Wifi akaweka mkoba chini, akabaki amesimama.

"Mtindo ule siuwezi," akasema.

"Huuwezi vipi? Picha zake zote unazo."

"Ndiyo maana ninazo."

Chapuchapu hakuelewa. Wifi akakaa. Alizungumza akiangalia sakafu. Alisema tangu alipoingia katika saluni hii amekuwa akimwonea wivu. Mkono ule, wepesi ule, wateja wanaokuja wamelitaja jina la Chapuchapu kabla ya salamu. Yeye anafumua mara tatu anachosuka mwenzake mara moja. Akaona aibu kuomba afundishwe na mke wa kaka yake. Basi akawa anapiga picha kwa siri kila kichwa kilichotoka kwenye kiti cha dirishani, anakwenda nacho nyumbani, anakikuza kwenye simu, anafuatisha mstari kwa mstari kwenye mto alioushonea nyuzi kama kichwa. Ndiyo maana simu yake haikujaa, aliisafisha kila Jumapili. Alitaka zote ziingie.

"Zile za takataka nilizirudisha kwa ajili yangu," akasema. "Si kwa ajili yako. Usinisifu."

Feni ilizunguka, ikasimama.

"Mimi nilitaka uhame saluni hii," Chapuchapu akasema. "Nilishaanza kutafuta maneno ya kumwambia kaka yako. Nilikuona unacheka na wateja, nikasema unanicheka mimi. Wifi, nilikuonea wivu mpaka nikaiona simu yangu mbovu."

"Haikuwa mbovu."

"Najua. Nimekwambia ulikuwa wivu."

Sasa kicheko kilitoka, hawakukibana. Kisha Chapuchapu akafungua kilemba chake. Wasusi wengi wako hivyo, wanapamba vichwa vya watu na vyao vimefunikwa. Nywele zake hazikuwa zimeguswa kwa muda mrefu. Akakaa kwenye kiti cha mlangoni, kiti cha wifi, ambacho hakuwahi kukikalia.

"Leta mkono," akasema. "Anzia sikioni. Picha haiwezi kukuonyesha kidole kinakaza wapi."

Walifanya hivyo siku zile zote kabla ya kwaya, kila wateja walipopungua. Wifi alisuka, Chapuchapu akasema hapa umelegeza, hapa umevuta mno unanitoa machozi, fumua. Wifi alifumua. Kichwa cha Chapuchapu kiliuma mpaka kwenye meno. Nyumbani mume aliona ngozi ya mkewe imevutwa mpaka macho yamekaa kama ya mtu anayeshangaa, akataka kuuliza, akakumbuka ile chai isiyo na sukari, akala.

Kwaya ikaja. Saluni ilijaa mpaka nje. Watoto waliokuja na mama zao walichora kwa zamu, na ambao zamu haikufika walipewa sahani ya shanga na shangazi mwenyewe. Wawili watatu walinuna, wakauliza basi, wakaambiwa limeenda gereji, wakazoea. Chapuchapu alisuka vichwa vinane, wifi vinne. Kila kichwa kilichokwisha Chapuchapu alikipiga picha mwenyewe, cha kwake na cha mwenzake, na chini ya kila picha aliandika kilitoka kiti kipi. Picha za wifi zilimchoma bado, tusidanganyane. Wivu si mchezo wa kusanidua. Lakini aliandika ukweli, na wanawake walioziona wakaja, wengine wakaomba dirishani, wengine mlangoni. Tangu hapo, kila Jumapili walikaa wote wawili na simu zao, wakafungua Hifadhi, wakafuta kilichozidi.

Lakini turudi kwenye siku ile ya pili. Kwaya ilipokwisha kuondoka, jua lilikuwa bado dirishani. Wote wawili walikuwa hoi, miguu imevimba. Wifi akasema anataka kujaribu mara moja, mtindo wote, bila kuelekezwa. Chapuchapu akakaa, akafumba mdomo, na kwake hiyo ilikuwa kazi kuliko kusuka. Mkono wa wifi ulikwenda. Haukuwa mwepesi, lakini haukurudi nyuma kufumua hata mara moja.

Alipomaliza, akamshikia kioo kidogo nyuma ya kisogo. Chapuchapu akatazama. Mistari ilizunguka vizuri, ikapanda, ikakutana. Mmoja tu, ule wa chini kushoto, ulikuwa umepinda kama njia ya mlevi.

Wifi naye aliuona. Akasema huo wa chini umemshinda, asipige picha, au akipiga waifute kabla mtu hajaiona.

Chapuchapu akampa simu yake, ile iliyokuwa ya wifi, akageuka akamwelekezea kisogo.

"Piga," akasema. "Nafasi ipo."